Urithi wa John Garang: kisa kimoja kutoka darasa la historia mjini Nakuru

Muhula wa pili wa mwaka jana, wavulana wawili wa kidato cha tatu katika shule ninayofundisha mjini Nakuru waliacha kusemezana kwa sababu ya noti moja ya pauni ya Sudan Kusini. Mmoja wao alikuwa akiitumia noti hiyo kuonyeshea ukurasa aliofikia katika kitabu chake cha historia. Siku nilipoitaja IGAD, jumuiya ya nchi za kanda yetu iliyopatanisha vita vya Sudan, darasani, aliitoa akaiweka juu ya dawati, uso wa John Garang, aliyeongoza vita vya kusini dhidi ya serikali ya Sudan iliyo Khartoum, ukitazama juu, jinsi mtu anavyoweka picha ya mzazi wake mezani. Mwenzake aliyeketi kando yake aliichukua, akaikunja mara mbili ili uso ule ubaki ndani, kisha akamrudishia. Wa kwanza akamwuliza, "Mbona unamkunja Baba?" Wa pili akajibu bila kupandisha sauti, "Ni baba yako, si baba yangu."

Hawakupigana. Walikuwa wamelala deka moja tangu kidato cha kwanza, mmoja juu na mwingine chini, na kwa kuwa wanafunzi kutoka Sudan Kusini ni wachache shuleni kwetu, walikuwa wakitegemeana kama ndugu wa tumbo moja. Baada ya siku ile walikaa wiki tatu bila kujuliana hali. Naibu wa mwalimu mkuu aliniomba nizungumze nao. Ninakiandika kisa hiki kwa sababu mazungumzo hayo yalinionyesha kwamba historia hii nilikuwa nimeifundisha vibaya kwa miaka mingi, ilhali ninaishi mwendo wa takriban kilomita 70 tu kutoka Naivasha, mahali ambapo sehemu kubwa ya mkataba wake wa amani ilitiwa sahihi.

Mwenye noti ni Mdinka, kabila la Garang, wa upande wa Bor. Nyanya yake alikimbia makwao Novemba 1991, wakati wapiganaji waliojitenga na Garang chini ya Riek Machar, kamanda wa Kinuer, waliposhambulia eneo hilo, wakachoma nyumba, wakaswaga ng'ombe na kuua watu ambao Amnesty International ilikadiria kuwa hawakupungua 2,000. Katika nyumba aliyolelewa, Garang huitwa Baba au Daktari John, wala hakuna anayehitaji kueleza kwa nini. Aliyeikunja noti ni Mnuer wa upande wa Bentiu. Mjomba wake alipigana katika vikosi vya Wasudani wa kusini vilivyokuwa nje ya jeshi la Garang, na ndugu za mama yake walikuwa Juba Desemba 2013, wanaume wa Kinuer walipokuwa wakitafutwa nyumba hadi nyumba na kuuawa. Wakati huo Garang alikuwa amekufa miaka minane na zaidi, lakini jeshi lililofanya mauaji hayo ndilo alilolijenga yeye, na jina lake ndilo lililoimbwa humo.

Kosa langu la kwanza lilikuwa la kialimu. Niliwaita maktabani baada ya masomo, nikachora mstari katikati ya ubao, nikaandika mafanikio upande mmoja na makosa upande wa pili, kama tunavyofanya tunapomfundisha Bismarck au Nkrumah. Kijana wa Bentiu aliutazama ubao kwa muda mrefu, kisha akasema, "Mwalimu, upande huu umeandika mikataba na upande huu umeandika maiti. Utajumlishaje?" Sikuwa na jibu. Nilifuta ubao, nikawaambia warudi Ijumaa, nami nikaenda kuyasoma upya maisha ya mtu huyu tangu mwanzo, nikitafuta kitu ambacho mstari wangu ulikuwa umekificha.

John Garang de Mabior alizaliwa mwaka 1945 katika kijiji cha Wangulei, nchi ya Dinka Twic, akafiwa na wazazi wote wawili akiwa bado mtoto. Alimalizia sekondari Tanzania, akapata shahada ya uchumi katika chuo cha Grinnell, jimbo la Iowa nchini Marekani, mwaka 1969, kisha akarudi Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambako alikuwa katika kundi moja la wanafunzi wanamapinduzi pamoja na Yoweri Museveni. Baada ya hapo aliingia msituni na Anyanya, waasi wa kusini wa vita vya kwanza vya Sudan. Hakukaa sana, kwani Februari 1972 Mkataba wa Addis Ababa ulitiwa sahihi na vita vile vikaisha.

Hapa ndipo ninapowaomba wasomaji watulie kidogo, maana kila kilichofuata kimetoka katika mkataba huo. Kusini ilipewa serikali yake ya ndani, lakini wapiganaji wa Anyanya waliingizwa katika jeshi la taifa, yaani jeshi la watu waliokuwa wakipigana nao jana yake. Garang alikuwa mmoja wa walioingizwa. Hakuridhika na mpango huo, ila aliufuata: akawa afisa, akapelekwa kwa mafunzo ya kijeshi Fort Benning, Marekani, na mwaka 1981 akapata shahada ya udaktari katika uchumi wa kilimo kutoka Iowa State, akiwa ameandika kuhusu maendeleo ya eneo la Jonglei, ambako mfereji mkubwa ulikuwa ukichimbwa kuharakisha maji ya Nile kuelekea kaskazini. Wakati huo huo aliishuhudia ahadi ya 1972 ikikatwa kipande baada ya kipande. Mwaka 1983 Rais Jaafar Nimeiri aliigawa kusini katika majimbo matatu, akaifuta serikali yake, na ilipofika Septemba akaitangaza sharia kuwa sheria ya nchi nzima. Kusini haikuwa na cha kumzuia. Silaha zilikuwa mikononi mwa jeshi, na jeshi lilikuwa la Khartoum.

Uasi ulianza Bor tarehe 16 Mei 1983, wakati askari wa Batalioni ya 105, wengi wao wakiwa Anyanya wa zamani, walipokataa kuhamishiwa kaskazini. Kamanda wao alikuwa Kerubino Kuanyin Bol. Garang, ambaye wakati huo alikuwa kanali, naye alikuwa Bor, akavuka pamoja na waasi hadi Ethiopia, na kufikia mwisho wa Julai chama cha SPLM na jeshi lake la SPLA vilikuwa vimetangaza ilani yao. Ilani hiyo haikudai nchi mpya. Ilidai Sudan mpya, moja, isiyomtenga mtu kwa dini wala kwa kabila, na ni wito huo uliowavuta watu wa milima ya Nuba na wa Blue Nile, ambao kijiografia ni wa kaskazini, wakaja kupigana chini ya bendera yake.

Sasa nije kwenye upande ambao kijana wa Bor alikuwa hajawahi kuusikia ukisimuliwa bila chuki. Vita vya kwanza vya SPLA vilipiganwa dhidi ya Wasudani wa kusini wenzao. Wazee wa siasa na wa Anyanya, miongoni mwao Samuel Gai Tut na Akuot Atem, walitaka uongozi na walitaka kujitenga kwa kusini. Garang, akiwa na msaada wa Mengistu wa Ethiopia, aliwashinda, na Gai Tut akauawa mwaka 1984. Wafuasi wao wengi wakawa Anyanya II, na baadhi ya vikosi hivyo vikapokea silaha kutoka Khartoum. Kisha zamu ikafika kwa waliokuwa ndani. Kerubino, yule yule wa Bor, alitiwa kizuizini mwaka 1987 kwa amri ya Garang, na Arok Thon Arok mwaka uliofuata, bila mahakama inayostahili kuitwa hivyo. Kwa miaka mingi chama hakikuitisha mkutano mkuu wowote. Ule wa kwanza ulifanyika Chukudum mwaka 1994, zaidi ya miaka kumi tangu kuundwa kwake. Watoto walikusanywa katika kambi za Ethiopia, wengine wakapewa vitabu, wengine bunduki, na wapo waliopewa vyote viwili.

Mengistu alipoanguka Mei 1991, kambi hizo zilivunjika na maelfu ya watoto wakarudi kwa miguu Sudan, na hatimaye wengi wakaingia Kenya, ambako kambi ya Kakuma ilifunguliwa mwaka 1992. Miezi mitatu baada ya Mengistu kukimbia, Riek Machar, Lam Akol na Gordon Kong walitangaza kutoka Nasir kwamba Garang ameondolewa, wakimshutumu kwa udikteta na kudai uhuru kamili wa kusini. Shutuma ya udikteta ilikuwa na msingi. Jibu walilolichagua, kushambulia raia wa Bor na baadaye kuchukua silaha za Khartoum hiyo hiyo waliyodai kutaka kujitenga nayo, liliigeuza shutuma hiyo kuwa jeraha la kabila zima. Agosti 2011 Riek aliomba radhi kwa mauaji hayo nyumbani kwa Rebecca Nyandeng, mjane wa Garang. Nyanya wa mwanafunzi wangu, kwa maelezo ya mjukuu wake, aliisikia radhi hiyo redioni, akaizima redio.

Ijumaa ilipofika sikuchora mstari. Nilianza na Nakuru. Vijana hawa wote wawili walishangaa kusikia kwamba Julai 2003 wapatanishi wa IGAD, wakiongozwa na Luteni Jenerali Lazaro Sumbeiywo wa Kenya, waliwakabidhi wajumbe wa pande zote mbili rasimu ya mkataba hapa hapa Nakuru, na kwamba serikali ya Khartoum iliikataa kwa hasira. Mwaka mmoja kabla, Julai 2002, pande hizo zilikuwa zimekubaliana Machakos kwamba kusini itakuwa na kura ya maoni baada ya kipindi cha mpito cha miaka sita. Kilichobaki kilikuwa swali gumu kuliko yote: nani atahakikisha kwamba kura hiyo itafika kweli, asije mtu mwingine akaifuta kama Nimeiri alivyoifuta ahadi ya 1972?

Rasimu ya Nakuru ilipokufa, mazungumzo yalipandishwa ngazi. Septemba 2003 Ali Osman Taha, Makamu wa Rais wa Sudan, alikuja Naivasha, akamsubiri Garang kwa siku kadhaa, na Garang alipofika, watu hao wawili waliketi peke yao kwa wiki nzima na zaidi katika hoteli ya Simba Lodge kando ya ziwa, wapatanishi wakingoja nje. Tarehe 25 Septemba mpango wa usalama ulitiwa sahihi. Ndani yake kuna jambo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo kubwa kuliko yote aliyoyafanya Garang maishani mwake: SPLA ingebaki jeshi lililo kamili, lenye hadhi sawa na jeshi la Khartoum, na jeshi la Khartoum lingeondoka kusini. Mgawanyo wa mafuta, nusu kwa nusu, ulikuja Januari 2004. Mgawanyo wa madaraka ulikuja Mei mwaka huo. Mkataba mzima ukatiwa sahihi Nairobi tarehe 9 Januari 2005. Lakini mfupa wa mkataba ulikuwa ule wa Septemba. Mtu aliyeingizwa kwa shingo upande katika jeshi la adui mwaka 1972 hakukubali watu wake waingizwe tena. Ndiyo sababu kura ya Januari 2011 ilipigwa, asilimia 98.83 wakachagua uhuru, na hakuna aliyeweza kuifuta.

Niliwapa wavulana hao nakala ya mpango huo wa usalama, nikawaomba kila mmoja aweke kalamu mahali familia yake ilipo. Kijana wa Bor hakuchelewa kuweka alama kwenye kifungu cha majeshi mawili. Kijana wa Bentiu aliendelea kusoma, kidole kikishuka mstari kwa mstari, mpaka alipofika kwenye kifungu kuhusu makundi mengine yenye silaha, kinachosema kwamba kundi lolote lililo na uhusiano na upande mmoja au mwingine halitaruhusiwa kuendelea nje ya majeshi hayo mawili. Watu wake wangejiunga na mojawapo kama wanataka na wanafaa, au warudi uraiani. "Mjomba yuko hapa," akasema. Kisha akauliza ni nani aliyemsemea mjomba chumbani mle. Nikamwambia ukweli: hakuna. Vikosi vya Paulino Matip na wengine, ambavyo vilikuwa na maelfu ya Wanuer na vilikuwa vimekaa juu ya visima vya mafuta, havikuwa na kiti Naivasha.

Hapo ndipo nilipoona kilichofichwa na mstari wangu wa chaki. Nilikuwa nikifundisha kana kwamba kuna Garang wawili, mmoja mjenzi na mwingine mkandamizaji, na kwamba kazi ya mwanafunzi ni kuwapima. Lakini tabia ya kushika kila kitu mkononi mwake ndiyo iliyolifanya jeshi lake lisivunjike baada ya 1991, na ndiyo iliyomwezesha kuketi mbele ya Taha bila mtu nyuma yake wa kumvuta shati, akapata kifungu ambacho kamati ya wazee waliogawanyika isingekipata. Tabia hiyo hiyo ndiyo iliyowaacha nje watu wa mjomba. Vifungu vyote viwili vimo katika karatasi moja, chini ya sahihi za siku moja.

Wenzake waliliona jambo hili yeye akiwa hai. Mwishoni mwa Novemba 2004, wiki chache kabla ya mkataba wa mwisho, makamanda walikutana Rumbek baada ya uvumi kwamba Garang alitaka kumwondoa Salva Kiir katika nafasi ya naibu wake. Kiir alisema waziwazi kwamba chama hakina vyombo vinavyofanya kazi na kwamba maamuzi yote hukaa na mtu mmoja. Mkutano ule uliisha kwa kupatana. Muda wa kujenga vyombo hivyo haukupatikana. Garang aliapishwa kuwa Makamu wa Kwanza wa Rais wa Sudan tarehe 9 Julai 2005, baada ya kupokelewa Khartoum na umati ambao mji ule haukuwa umeuona kwa miaka, umati uliojaa watu wa kaskazini pia. Siku 21 baadaye, tarehe 30 Julai, helikopta ya rais wa Uganda iliyokuwa ikimrudisha kutoka kwa Museveni ilianguka milimani karibu na mpaka wa nchi hizo mbili, na wote waliokuwemo wakafa. Alizikwa Juba tarehe 6 Agosti.

Aliyejaribu kuurekebisha upungufu wa Naivasha ni Kiir, aliyerithi nafasi yake. Tarehe 8 Januari 2006, kwa Azimio la Juba, aliviingiza vikosi vya Matip ndani ya SPLA, na nadhani hatua hiyo ndiyo iliyoiepusha kusini na vita vya wenyewe kwa wenyewe kabla ya kura ya maoni. Lakini waliingizwa vikosi kwa vikosi, na makamanda wao wale wale, katika jeshi ambalo halikuwa na taasisi ya kuwayeyusha kuwa kitu kimoja. Jeshi hilo lilipopasuka Juba tarehe 15 Desemba 2013, sehemu kubwa ya ufa ilipita pale pale. Kusema kwamba Garang ndiye aliyesababisha 2013 ni kumwonea, kwa maana walioamuru na walioua walikuwa hai na walikuwa na hiari yao. Hata hivyo siwezi tena kufundisha mwaka 2005 na mwaka 2013 kama sura mbili zisizojuana.

Wapo pia wengine ambao hawakuwa na mtoto darasani mwangu wa kuwasemea. Watu wa Nuba na wa Blue Nile, waliopigana miaka yote hiyo kwa ajili ya ile Sudan mpya, walipata Naivasha kitu kilichoitwa mashauriano ya wananchi, si kura ya kujiamulia. Uhuru wa kusini ulipotangazwa Julai 2011, mbele ya kaburi la Garang, wao walibaki upande wa pili wa mpaka. Vita vilikuwa vimekwisha kurudi Kordofan Kusini mwezi Juni, na Septemba vikafika Blue Nile. Mtu anayemheshimu Garang kwa dhati, nami ninamheshimu, hana budi kukaa na jambo hili.

Wavulana wale wanasalimiana sasa na wamerudi kwenye deka lao, ingawa sitadai kwamba wamepatana kuhusu Garang. Somo nimelibadilisha: ninaanza na Addis Ababa 1972, ninapitia Nakuru na Naivasha nikiwa na karatasi mkononi, na sichori mstari ubaoni.

Ijumaa ile, mwenzake alipokwisha kuondoka, kijana wa Bor alibaki akikusanya vitabu vyake polepole. Alikuwa ameona katika karatasi zangu jambo ambalo sikuwa nimelitaja: Januari 2002, hapa Kenya, Garang alitia sahihi makubaliano na Riek Machar, akampokea tena katika SPLM, yule yule wa Bor 1991, kwa sababu bila watu wa Riek asingeweza kwenda mbele ya Khartoum akisema kwa niaba ya kusini yote. Aliniuliza kama nyanya yake anajua. Nikamwambia ampigie simu amwulize mwenyewe. Alimpigia Jumapili, akitumia simu yangu, akasimama chini ya mti wa mjakaranda karibu na bwalo kwa zaidi ya nusu saa, akisikiliza zaidi kuliko kusema. Alinirudishia simu kwa mikono miwili, akanishukuru, akaenda zake.